Koti la Marehemu na Mechi ya Buffalo

Wiki jana mliniacha jukwaani Columbus, kiatu kimoja mkononi, napiga kelele mpaka binti yangu Spés akaniambia, "Mama, keti, watu wanatutazama." Nikamwambia waache watazame. Tumeshinda.

Kwa aliyekosa: mjukuu wangu Dionizi anachezea timu ya chuo kimoja kidogo hapa Louisville. Si mpira wa miguu. Ni ule wa Kimarekani, wa kuvaa kofia ngumu na kugongana. Timu yenyewe ni ya watu wachache, wengine wanacheza mbele na nyuma kwa sababu hakuna wa kuwapokea. Walianza msimu kwa kupigwa, wakapigwa tena, wakapigwa nyumbani mbele ya wazazi wao. Halafu wakakataa kupigwa. Baada ya Columbus ilibaki mechi moja tu, ya Buffalo. Wakiishinda hiyo, wanaingia mchujo kwa mara ya kwanza tangu chuo kiwe na timu.

Dionizi ndiye anayeinama katikati na kuupitisha mpira kati ya miguu yake kwenda kwa mwenzake wa nyuma. Kabla hajaupitisha, hakuna mtu anayeruhusiwa kusogea. Dative wa kwaya yetu ya mtaani Iroquois aliniuliza siku moja baada ya misa, "Mama Spés, mtoto wa watu amekwenda chuoni kusomea kuinama?" Nikamjibu, "Anayeinama ni yeye, lakini wanaolala chini ni wao."

Kijana mwingine aliyejua kazi hiyo alivunjika mkono palepale Columbus. Kwa hiyo Dionizi asipocheza, mpira hauanzi.

Hapo ndipo nilipoishia, nikiwa na furaha. Haikumaliza siku mbili.

Jumatatu asubuhi nachambua maharage, simu ikalia. Alikuwa Angelika wa Buffalo, mke wa shemeji yangu Athanasi.

"Mama Spés."

"Naam, Angelika."

"Shemeji yako hajaamka."

"Mwamshe basi. Mwambie mtani wake yuko kwenye simu."

"Nimemwamsha, Mama Spés. Nimemwamsha sana."

Nikaweka maharage chini.

Athanasi alikuwa mdogo wa marehemu mume wangu, na katika ukoo mzima ni yeye peke yake aliyeuelewa mpira huu. Mechi zote alizitazama kwenye simu, kisha ananipigia kunitania. "Shemeji, mjukuu wako leo kaanguka kama gunia la mihogo!" Ndiye aliyenifundisha wakati wa kushangilia na wakati wa kunyamaza. Alikuwa amenunua koti la timu, la zambarau, la kuvaa siku watakapokuja Buffalo.

"Siku hiyo hata nikifa," aliniambia, "mnizike wakati wa mapumziko, nusu ya pili isinipite."

Nilicheka mpaka nikajifuta machozi. Sasa machozi yalikuja yenyewe.

Tukaondoka siku ileile. Spés akaendesha, mimi mbele, Dionizi nyuma, magoti yamemfika kidevuni. Tulipofika Columbus tukaingia kitongoji cha Reynoldsburg kumchukua Revokatus, mdogo wa mwisho wa Athanasi na mume wangu. Kaka zake wote wamekwisha, mkubwa wa ukoo sasa ni yeye. Nikampisha kiti cha mbele. Akakikalia kama askofu.

"Shikamoo, babu," Dionizi akamwambia.

"Marahaba. Nasikia Jumamosi una mchezo."

"Ndiyo, babu. Hukohuko Buffalo."

"Ulikuwa nao. Sasa tuna maiti. Tunazika Jumatatu ijayo. Mpaka tuanue matanga, hakuna mtu wa ukoo huu atakayecheza, wala kuimba, wala kupiga ngoma."

Nikahesabu miti ya barabarani mpaka nikashindwa kujizuia.

"Shemeji, jana usiku nilikupigia hukupokea. Ulikuwa wapi?"

"Zamu. Ghalani."

"Na leo usiku, kama tusingekuja kukuchukua?"

"Ningeingia. Kazi ni kazi, shemeji. Ule ni mchezo."

"Mchezo huo ndio unaomsomesha. Asipocheza hasomi. Jembe lake ndilo hilo."

"Jembe la kugaragara kwenye nyasi!"

Spés akacheka, akajifanya anakohoa.

Nikamgeukia mjukuu wangu. "Wewe mwenyewe unasemaje?"

"Nitafanya mtakachosema, Bibi."

Jibu hilo liliniudhi kuliko maneno yote ya Revokatus. Mtoto huyu nimemlea mwenyewe. Baba yake, mwanangu, tulimwacha kwenye makaburi ya kambi ya wakimbizi kule Kasulu. Nimemlea kwa adabu, nikaizidisha. Uwanjani anagongana na madume, lakini mbele ya wazee hana lake la kusema. Ni mtakachosema, mtakachosema.

Buffalo tulipokelewa na theluji. Nyumba ya Angelika ilikuwa imejaa: wanawake kwenye mikeka, wanaume kwenye makochi, viatu mlangoni vimepanda juu ya viatu. Revokatus akakaa kwenye kiti cha marehemu, kile cha kulalia nyuma, akaanza kupanga mambo.

Alhamisi mchana simu ya Dionizi ikaita. Akatoka kwenye ngazi, akaongea Kiingereza, akarudi na theluji kichwani. Akachuchumaa karibu yangu.

"Ni kocha, Bibi. Basi lao linafika kesho. Ameniuliza kama nitacheza."

"Umemjibuje?"

"Nimemwambia wazee bado hawajasema."

"Naye?"

"Amesema pole kwa msiba. Amesema nikae na watu wangu, hanilazimishi." Akatazama mikono yake. "Halafu nikamuuliza kama amepata mwingine. Amewajaribu wawili. Mpira unapita juu ya kichwa."

"Wewe unataka kucheza?"

"Bibi, usiniulize hivyo hapa."

"Nakuuliza hapahapa."

"Nataka," akasema, kidogo sana, kama mtu anayeungama.

Nikainuka. Nikaingia chumbani. Angelika alikuwa amekaa kitandani, khanga mabegani.

"Angelika, lile koti la zambarau liko wapi?"

Akanitazama. Yeye na mimi tumetoka kambi moja. Alijua.

"Kabatini," akasema. "Chukua na kofia yake. Na fimbo."

Wanaoijua mila wameshajua nilichokusudia. Asiyejua nimweleze. Kwetu shemeji ni mtani, na mtani msibani ana ruhusa ambayo hata padre hana. Anavaa nguo za marehemu, anatembea kama yeye, anaongea kama yeye, anawasema wote waliobaki, hata kama ni wakubwa wake. Na ni mwiko kumkasirikia.

Koti lilinifika magotini. Nikavuta kofia mpaka kwenye nyusi, nikachechemea kama Athanasi alivyochechemea, nikakohoa kile kikohozi chake cha sigara alizosema ameacha.

Sebuleni mwanamke mmoja akapiga yowe. Mwingine akaanza kulia. Halafu mtu akacheka, na kicheko kikazunguka chumba.

Nikagonga fimbo sakafuni. "Nani amekalia kiti changu?"

Wallahi, Revokatus alisimama! Alisimama mwenyewe, kwa mazoea, kabla hajakumbuka kwamba kaka yake amekufa.

"Kaa, Revo, kaa. Hata nikifa unanipisha? Utakuwa mkubwa lini wewe?"

Watu wakashika mbavu. Hata padre aliweka kikombe chini.

"Na huyo mke wa marehemu kaka yangu, yule bibi wa Louisville, nani amemruhusu jikoni? Maharage yake ndiyo yaliyoniua. Alinipikia mwaka juzi, yakakomaa tumboni leo."

"Kweli!" akapayuka Spés, msaliti huyo.

Nikamkazia macho Dionizi, aliyesimama mlangoni na sinia la vikombe.

"Wewe kijana, unafanya nini hapa? Amekufa kocha wako au nimekufa mimi?"

"Wewe, babu."

"Sauti!"

"Wewe, babu!"

"Basi mimi niliyekufa kazi yangu ni moja, kulala. Yako ni kuamka. Jumamosi uingie uwanjani. Nilisema nizikwe wakati wa mapumziko. Nimeghairi. Nizikeni Jumatatu, mimi sina haraka tena."

Wakapiga makofi msibani, Mungu atusamehe. Macho yote yakamwendea Revokatus. Kukasirika hawezi. Akacheka kwa meno ya mbele tu.

"Kaka amesema," akasema. "Nani atampinga? Acheze."

Nilimwona Dionizi akifumba macho kwa raha. Nikajisemea, bibi wewe, umemaliza kazi.

Revokatus akatoka na simu yake. Alikaa nje muda, theluji ikimdondokea. Aliporudi hakukaa.

"Ndugu zangu, kaka amesema kijana acheze, na atacheza, siku nyingine mwakani Mungu akipenda. Nimeongea na wenye nyumba ya mazishi. Nafasi ya Jumatatu nimeirudisha. Tunazika Jumamosi, tunaondoka na jeneza saa saba mchana. Atakayetangulia na msalaba ni mjukuu mkubwa wa kiume. Marehemu hakujaliwa mtoto. Ni Dionizi."

Mechi ilikuwa saa saba hiyohiyo.

Nilimfuata jikoni, koti bado liko mwilini.

"Revokatus, unamkomoa nani?"

"Vua hilo koti kwanza, shemeji. Siwezi kuongea nawe ukiwa hivyo."

Nikavua.

"Unamkumbuka baba yetu?" akaniuliza.

"Namkumbuka."

"Yuko wapi?"

Nikalikunja koti, nikaliweka mezani.

"Tulimfunika kwa majani ya mgomba kando ya barabara, tukakimbia. Mimi ndiye niliyeshika miguu. Nilikuwa mtoto. Niliapa, akifa mwingine wetu, popote dunia hii, atazikwa wote tukiwa tumesimama pale. Wote. Leo unaniambia mmoja yuko kiwanjani anakimbizana na Wazungu."

Acha niwaambie ukweli. Maneno yale yalinichoma. Mtu mwingine angemshika mkono, akasema basi shemeji, yaishe. Mimi sikusema.

"Baba yenu alikosa wa kumzika," nikamwambia. "Athanasi anao, wamejaa mpaka kwenye ngazi. Anachokosa Athanasi ni mtu wa kumchezea. Saa chache tu nakuomba, tumzike jioni."

"Jioni ni giza, makaburini wanafunga."

"Jumapili."

"Jumapili hawaziki."

"Jumatatu ulikuwa nayo mkononi ukaitupa!"

"Nimemaliza, shemeji."

"Mimi sijaanza," nikasema.

Ijumaa sikumwambia mtu kitu, isipokuwa Spés. Nilimwambia aweke begi la Dionizi kwenye buti, lile lenye mavazi ya mechi, na kesho aegeshe gari pua ikitazama barabarani; mtoto akikosa robo ya kwanza, aiwahi ya pili. Spés akaguna. "Mama, tutafukuzwa kwenye ukoo." Nikamwambia mimi niliolewa tu huko, nina ukoo wangu.

Jumamosi nyumba ya mazishi ilikuwa na zulia jekundu na joto la kulevya. Padre akamaliza sala. Wanaume wakalibeba jeneza mabegani. Mbele yao akasimama Dionizi, suti ya kuazima imembana mabega, msalaba wa mbao ameushika kwa mikono miwili. Simu yake ilitetemeka mfukoni, ikanyamaza, ikatetemeka tena. Hakuigusa.

Nikapita pembeni. Nikafika mlangoni kabla yao. Nikajifunga khanga vizuri, nikalala chini, nimeuziba mlango wote.

Kambini mtani akiziba njia ya jeneza hivyo, watu wanacheka, anatupiwa sarafu, anainuka. Ndiyo desturi. Revokatus hata uso ulimlainika, nadhani alifikiri nimekuja kufanya amani. Akatoa noti.

"Haya, mtani wetu. Chukua, utupishe."

"Sitaki pesa."

"Unataka nini?"

"Jumatatu."

Wakacheka. Halafu wakaona sicheki.

Mzungu wa nyumba ya mazishi akaja mbio na viatu vyake vya kung'aa. Akamuuliza Spés kama mama amezidiwa, aite gari la wagonjwa.

"Hapana," Spés akamwambia. "Ni mila yetu."

"Inachukua muda gani?"

"Inategemea yule bwana pale."

Revokatus akainama karibu na sikio langu. "Shemeji, utani una mwisho wake."

"Mwisho wake unao wewe. Una simu mfukoni. Wapigie uwaombe siku nyingine."

"Unaniaibisha mbele ya watu."

"Niko sakafuni, Revokatus. Kati yetu nani ameaibika?"

Akanyooka. "Angelika!" akaita. "Mjane aje! Mwambie huyu ainuke. Wewe ndiye mwenye maiti."

Watu wakapisha. Angelika akaja polepole, amevaa nyeusi tupu kuanzia kitambaa mpaka soksi. Akasimama juu yangu. Nikasema moyoni, huyu akiniambia inuka, nitainuka. Siwezi kumkatalia.

Akavua viatu. Akaviweka kando ya ukuta, kimoja karibu na kingine, sawasawa. Akatandaza khanga yake, akalala kando yangu.

"Jisogeze, Mama Spés," akasema. "Mlango unapitisha baridi."

Mayowe yaliyotoka mle ndani sijayasikia tangu kambini. Mjane alale mlangoni! Mzee mmoja akajipiga ishara ya msalaba. Wabeba jeneza wakatazamana, mmoja akabadilisha bega.

"Jana usiku nilikuwa na mengi ya kumwambia," Angelika akaninong'oneza. "Bado sijamaliza. Jumatatu itanifaa."

Revokatus akairudisha ile noti mfukoni. Sikumwonea haya tena, nilimwonea huruma, lakini sikuinuka. Akamgeukia mtoto.

"Dionizi. Wenzako wamebeba, mabega yanawauma. Njia ni mbili. Waruke hao upite, tukamzike babu yako. Au uweke msalaba chini, na jina la ukoo wetu uliweke hapohapo."

Hata mtoto mdogo kwetu akimruka mtu aliyelala, anaitwa arudi aruke tena kinyume, mkosi usimpate mtu. Huyu aliambiwa amruke bibi yake na mjane wa babu yake, na jeneza nyuma yake.

Nje Spés alikuwa ameshawasha gari. Nilisikia injini.

"Bibi," Dionizi akasema. "Nifanye nini?"

Jamani, nilitaka kumjibu! Jibu lilikuwa kwenye ulimi. Nikalimeza.

"Mimi langu nimeshalisema, ndiyo maana unaniona hapa chini. Usiniulize tena. Leo hakuna mtakachosema. Sema wewe."

Nikamgeuzia Angelika uso ili mtoto asiyaone macho yangu.

Nilisubiri kusikia mti wa msalaba ukigusa zulia. Haukugusa. Nilisubiri kivuli cha mguu wake kipite juu yetu. Hakikupita.

"Simruki Bibi," akasema Dionizi, na sauti ilikuwa ya mwanamume. "Simruki mtu yeyote. Na msalaba wa babu siuweki chini. Babu Revokatus, hujapata kushika msalaba mbele ya jeneza la mtu wako. Shika wewe, mimi nikamchezee."

Nikageuka nione.

Mtoto alikuwa amenyoosha mikono yote miwili, msalaba uko kati yao. Revokatus alikuwa anautazama kama mtu aliyepewa mtoto mchanga asiyejua ni wa nani. Hakuupokea.

Wala Dionizi hakuurudisha.